Yule mzee aliyeng'olewa meno kwenye Blade: miaka hamsini ya picha za kutisha, alikosa kazi au alipenda mwenyewe?

#1 Gogo la Mabatini
Wakuu, heshima kwenu.

Wa rika langu mliokulia Mabatini, Igogo na Mkuyuni hapa Mwanza, ile filamu ya Blade mnaikumbuka. Banda letu lilikuwa nyuma ya mashine ya kusaga, kiingilio shilingi mia, watoto tumebanana kama dagaa kwenye kiroba. Kuna kipande yule kijana Frost anampeleka mzee wa wanyonya damu ufukweni alfajiri, anamng'oa meno kwa koleo, halafu jua linachomoza. Mkanda wetu ulikuwa na chenga hapo hapo, maana mwenye deki alikuwa anaombwa kila siku arudishe nyuma. Wiki nzima niligoma kwenda kuchota maji ziwani kabla jua halijapanda. Mama akadhani nimerogwa.

Juzi nikapekua yule mzee ni nani. Anaitwa Udo Kier, Mjerumani, amefariki Novemba 23, 2025 huko Palm Springs, California, akiwa na miaka 81. Nikasema ngoja nitazame kazi zake nyingine. Wakuu, Blade ilikuwa picha ya watoto! Jamaa ana filamu zaidi ya mia mbili, na sehemu kubwa ni matumbo nje, wachawi kuchomwa, watu kutapika damu, nyingine zilipigwa marufuku kabisa.

Sasa swali. Tazameni picha zake za ujana, kijana alikuwa mzuri mpaka inaudhi. Angeweza kucheza mapenzi tu akala maisha. Kwa nini aliingia shimo lile na asitoke? Wajuzi njooni.

#2 Sangara Minofu
Nimewahi siti ya mbele. Mwenye karanga apitishe huku.

#3 Deki Bovu
Mkuu Gogo, umechemka mwanzo tu. Si ufukweni, ni juu ya ghorofa. Jua linamkuta juu ya paa. Blade nimeitazama mara arobaini, banda la Igogo, usinifundishe.

#4 Katibu Kata
Deki Bovu, jina lako linajieleza. Ni ufukweni, maji yanaonekana nyuma yao. Mzee anaitwa Dragonetti, filamu ni ya 1998.

Nimjibu mleta uzi. Udo Kier alizaliwa Cologne tarehe 14 Oktoba 1944, vita imepamba moto. Alisimulia mara nyingi kwamba hospitali aliyozaliwa ilipigwa bomu muda mfupi baada ya yeye kuzaliwa, yeye na mama yake wakafukuliwa kwenye kifusi. Kalelewa na mama bila baba, katika ufukara wa Ujerumani iliyobomolewa. Mtu aliyeanza maisha chini ya matofali, damu ya rangi kwenye sinema itamtisha nini? Mimi jibu langu liko hapo.

#5 Binti Nansio
Katibu, kwani Cologne nzima ilizaa mtoto mmoja mwaka huo? Wenzake waliofukuliwa naye wakawa makarani wa benki. Hoja yako nzuri kusimulia ila haijibu kitu.

#6 Mtu wa Deiwaka
Njaa hiyo wakuu. Msizungushe. Mtu akikwambia kunywa damu ya kuigiza nikupe hela ya kodi, unakunywa na kulamba kikombe.

#7 Gogo la Mabatini
Deiwaka, hata mimi nilianza na hiyo. Lakini baadaye alikuwa anacheza Hollywood, Ace Ventura 1994, Armageddon 1998. Hela ilishakuja. Mbona alirudi tena kwenye picha za ajabu za bei ya chini?

#8 Red Alert Fundi
Ngoja ngoja ngoja. Huyu si YURI?? Red Alert 2, gemu la mwaka 2000, yule mwenye kutawala akili za watu! Tulikuwa tunalipia saa moja kafe ya mtandao pale mjini kati, tunagombana nani achezee upande wa Warusi. Miaka yote hii sikujua ni yule yule wa Blade. Leo nimezeeka rasmi.

#9 Katibu Kata
Ndiye huyo huyo, Red Alert. Sasa jiulize kwa nini wenye gemu walimtafuta yeye kwa mtu anayeingia akilini mwa watu kwa kukodoa tu.

#10 Msusi wa Pasiansi
Macho jamani. Mie sijui mambo ya sinema lakini nyuso ndiyo kazi yangu. Yale macho yamefifia rangi kama kioo cha chupa, hayapepesi. Mtu mwenye macho yale ukimpa nafasi ya baba mkwe mwema, watu watasubiri lini anamla bibi harusi. Uso umemchagulia kazi, yeye kafuata.

#11 Mzee wa Kirumba
Vijana, salaam. Mimi nilikuwa mtu wa kwenda sinema tangu enzi za shati la kola ndefu, nimewahi kukaa Ulaya kidogo kwa masomo, miaka ya themanini. Nitasema ninachokijua.

Jina lake kubwa lilitokana na filamu mbili zilizopigwa Italia, moja ikifuata nyingine bila mapumziko. Ya kwanza ya Frankenstein ya mwaka 1973, ya pili ya Dracula ya mwaka 1974. Ile ya Frankenstein ilikuwa ya miwani maalumu, vitu vinatoka kwenye pazia vinakufuata kitini. Mwishoni anachomwa mkuki, na kiungo cha tumboni kinaning'inia kwenye ncha ya mkuki, mbele ya pua yako wewe uliyelipa kiingilio. Ni Andy Warhol aliyeziongoza zote mbili, yule msanii wa makopo ya supu. Alipenda kuudhi watu.

#12 Katibu Kata
Shikamoo mzee. Kwa heshima zote, Warhol hakuziongoza. Aliyeongoza ni Paul Morrissey, Warhol jina lake lilitumika kuuzia tu. Na hapa ndipo pana utamu, kwa sababu Kier alimpata Morrissey kwenye NDEGE. Walikaa siti jirani, wakaongea, Morrissey akachukua namba yake akaiandika nyuma ya pasipoti. Wiki chache baadaye simu ikaita: nina filamu, na wewe ndiye Frankenstein.

Ilipoisha akaambiwa na Dracula ni wewe, ila punguza uzito ndani ya wiki. Akawa anakula majani ya saladi na maji. Siku ya kuanza kazi miguu haimbebi, ndiyo maana kwenye filamu Dracula anasukumwa kwenye kiti cha magurudumu! Watu wakaona ubunifu, kumbe jamaa ana njaa.

#13 Mtu wa Deiwaka
NILISEMA NJAA MIMI 😂😂 Soma #6.

#14 Mzee wa Kirumba
Marahaba Katibu. Nimekubali kuhusu Warhol. Sisi tulisoma bango la mlangoni, bango likatudanganya.

#15 Deki Bovu
Hiyo Dracula naijua, ya yule mzee mwenye nywele kama mafundo mawili kichwani. Alicheza vizuri.

#16 Binti Nansio
Hapana Deki, hiyo ni ya 1992 na aliyecheza ni Gary Oldman. Leo huna bahati, nenda kalale.

Ya Kier, Dracula ni mgonjwa. Anataka damu ya wanawali tu, anasafiri mpaka Italia akiamini kwenye nchi ya Wakatoliki hatakosa mabinti bikira. Anafika kwenye nyumba ya tajiri aliyefilisika, mabinti wanne, mama mtu anawasifia wote. Kila akimnyonya mmoja anatapika hadi kukunjamana sakafuni. Mimi nilicheka hadi shemeji akaja kuuliza kuna nini. Wanaoziita picha za kutisha hawajazitazama, hizi ni vichekesho, ila vichekesho vyenye utumbo.

#17 Gogo la Mabatini
Sasa Binti, kama ni vichekesho, mbona Uingereza ile Frankenstein iliingizwa kwenye orodha ya kanda za video zinazoshitakiwa mahakamani miaka ya themanini? Wazungu hawajui kucheka?

#18 Mzee wa Kirumba
Nilikuwepo. Magazeti yalizipigia kelele kanda za video kwamba zinaharibu watoto, polisi wanaingia madukani na magunia, wanaondoka na kanda kama wanakamata gongo. Mwaka 1984 ikatoka sheria, kila kanda ipimwe kabla ya kuuzwa. Kwenye orodha ile, huyu bwana alikuwa na filamu zaidi ya moja. Na ukipigwa marufuku, ndipo kila kijana anakutafuta.

#19 Mtumishi Ilemela
Bwana asifiwe. Mimi naona tunatukuza uchafu. Kuna vitu haviigizwi. Ukicheza na giza, giza linakujua jina. Huyo mzee angehubiriwa mapema tusingekuwa na uzi huu.

#20 Sangara Minofu
Mtumishi umefika ukurasa wa kwanza kabisa, inaonekana uzi umeufuatilia vizuri 😂

#21 Mchawi wa Kisesa
Mtumishi, ngoja nikupe kisa changu, kwa sababu kwenye haya mambo mimi ni mhanga.

Mwaka fulani walikuja vijana kupiga filamu huku kwetu, kamera moja, taa ya kuazima ya harusini. Walitafuta mtu wa kucheza mchawi. Nina kovu kubwa shavuni, nililipata kwa baiskeli nikiwa darasa la nne. Wakaniona tu wakasema umepatikana. Nikapakwa majivu, nikapewa ungo na fuvu la mbuzi, nikacheka kicheko kimoja kirefu mpaka mbwa wa jirani wakabweka. Malipo yalikuwa elfu ishirini na chipsi.

Filamu ilizunguka kwenye mabanda na kwenye flashi. Baada ya hapo, mama niliyekuwa nanunua kwake dagaa sokoni akawa ananirudishia chenji kwa kuiweka chini, hanishiki mkono. Watoto wanakimbia. Mtaa mmoja alifiwa mtu, nikashauriwa nisiende msibani. Na vijana wa filamu waliporudi mwaka uliofuata walinitafuta tena: tuna nafasi yako, mchawi. Niliwaomba wanipe hata dereva wa daladala. Wakacheka wakidhani natania.

Kwa hiyo mkuu Gogo, anayeuliza kwa nini mtu hatoki kule, hajawahi kujaribu kutoka.

#22 Msusi wa Pasiansi
Pole kaka. Na ungo ulibaki na nani?

#23 Mchawi wa Kisesa
Ninao dada. Tunapepetea mchele.

#24 Binti Nansio
Mchawi, kisa chako kimenigusa ila kwa Kier hakikai sawasawa. Wewe uliburuzwa na watu waliokuona shavu tu. Yeye alizungukwa na marafiki. Na Fassbinder, yule mwongozaji filamu wa Kijerumani, walijuana wakiwa vijana wadogo kwenye baa ya makabwela hapo Cologne, kabla yeyote hajawa mtu. Lars von Trier, yule mwongozaji wa Denmark, alimwita karibu kila filamu toka 1987 hadi uzeeni, na Kier akawa baba wa ubatizo wa mtoto wake. Kwenye ile ya harusi na sayari inayokuja kugonga dunia (Melancholia, 2011) kamchezesha msimamizi wa harusi anayejiziba uso kwa kiganja ili asimwone bibi harusi aliyemharibia sherehe. Kile kiganja tu kinatosha filamu nzima. Mtu hawezi kuitwa na rafiki mmoja miaka zaidi ya ishirini kwa sababu ya macho.

#25 Red Alert Fundi
Ila ni von Trier huyo huyo aliyemzalisha kwenye ile ya hospitali. Tamthilia ya 1994, mwanamke anajifungua, kinachotoka ni kichwa cha mtu mzima, cha Udo Kier! Nilizima laptopu nikaenda kukaa nje na mlinzi.

#26 Katibu Kata
Na bado mnasahau za Wajerumani wenzake. Christoph Schlingensief alimchezesha Hitler mwaka 1989, filamu nyeusi na nyeupe, ndani ya handaki, ikapigwa kwa saa kumi na sita tu. Saa kumi na sita, filamu nzima! Halafu akaja naye Afrika, United Trash ya 1996 ilipigwa Zimbabwe, Kier akiwa jenerali wa majeshi ya Umoja wa Mataifa. Yule Schlingensief ndiye aliyeanzisha kijiji cha opera Burkina Faso kabla ya kufa 2010.

#27 Furu wa Zamani
Mmefika Zimbabwe mmeruka nyumbani. Mnahangaika na sinema kali za Ulaya wakati moja ilipigwa hapa hapa Mwanza. Filamu ya mapanki, yale mabaki ya sangara yakishatolewa minofu, mmeisahau?

#28 Gogo la Mabatini
Furu, ile ni ya kweli, si ya kuigiza. Usituhamishe.

#29 Furu wa Zamani
Siwahamishi. Hubert Sauper, Mwaustria, 2004, Darwin's Nightmare. Ndege kubwa za mizigo uwanjani kwetu, minofu ya sangara inapaa Ulaya, na sisi tunaonyeshwa na mapanki yenye funza. Ikateuliwa kugombea Oscar, Rais Kikwete akaisema hadharani 2006. Nani aliyefanya sinema ya kuudhi zaidi, yule wa mkuki na utumbo wa kuigiza au huyu? Kule kila mtu anajua akitoka nje mwigizaji ananawa anakwenda kula.

#30 Sangara Minofu
Hapa utani pembeni kidogo. Mama yangu kauza mapanki ya kukaanga miaka kumi na moja, ndiyo yamenipeleka shule. Tulipoitazama ile filamu alinyamaza, mwisho akauliza tu, "Mbona hawakuonja?" Wabeja Furu kwa kukumbusha.

#31 Mtu wa Deiwaka
Mapanki ya moto na ndimu na ugali wa muhogo. Mnaniua na njaa saa hizi.

#32 Nyegezi Kwetu
Nimesoma kimya kimya toka asubuhi. Nimeitafuta ile ya wachawi kuchomwa aliyoitaja Gogo. Ni Mark of the Devil, 1970, ilipigwa Austria. Marekani waliiuza kwa kugawa mifuko ya kutapikia mlangoni, kama kwenye boti ya Ukerewe siku ya mawimbi.

Humo Kier hajawa mnyonya damu bado, ni kijana mwanafunzi wa mwinda wachawi. Anaamini bosi wake ni mtu wa haki. Kidogo kidogo anaona anayeshitakiwa ni yule mwenye mali inayotamaniwa, au mwanamke aliyekataa kitanda. Ushahidi ni kukiri, na kukiri kunapatikana kwa koleo. Mwisho wananchi wanapandwa hasira, bosi anatoroka, wanayemshika ni kijana.

Niliitazama na kaka yangu. Katikati akasema zima. Si kwa sababu ya damu. Bibi yetu mzaa baba, huku Misungwi, alikuwa na macho mekundu, maisha yake yote kapikia mabua ya pamba na samadi kwenye kijumba kisicho na dirisha. Mnajua kwetu macho mekundu ya kikongwe yalitafsiriwaje. Baba alimhamishia mjini usiku, kwa lori la pamba, baada ya kupata neno kutoka kwa mtu. Wenzake wawili wa kijiji kile hawakuwa na mtoto mwenye lori.

Kwa hiyo sijui kwa nini Kier alicheza zile. Ila ile moja wasiniambie ni uchafu.

#33 Mtumishi Ilemela
Nyegezi Kwetu, pole sana na Mungu amlaze bibi pema. Nimekusoma mara mbili. Kwa hiyo moja nabakiza maneno yangu. Hizo nyingine bado.

#34 Msusi wa Pasiansi
Dah.

#35 Katibu Kata
Nyegezi, asante kwa kisa. Narudi kwenye swali nikiwa nimepunguza kiherehere. Kier mwenyewe alishawahi kutania kwamba filamu zake mia ni mbaya, hamsini zinatazamika ukiwa na glasi ya divai, hamsini ndizo nzuri. Mtu anayehesabu hivyo hakuwa mfungwa wala hakuwa na dhamira kubwa. Alikuwa mtu wa kazi. Fundi seremala hatengenezi viti vizuri tu, anatengeneza na majeneza.

#36 Binti Nansio
Seremala hapigi simu kuuliza jeneza lina ukubwa wa kuudhi kiasi gani. Huyu alikuwa anatafuta. Mwaka 2019 pekee, ana miaka 74, alikuwa kwenye Bacurau ya Brazil akiongoza watalii wanaowinda binadamu, na kwenye The Painted Bird anamng'oa mtu macho kwa kijiko, watazamaji Venice wakainuka wakatoka. Mzee wa umri huo ana pensheni, ana nyumba Palm Springs. Alipenda. Tukubali tu kuna watu wanapenda.

#37 Gogo la Mabatini
Nimechanganyikiwa zaidi ya nilivyoanza. Njaa, bomu, macho, marafiki, useremala, mapenzi. Kuna filamu yake hata moja ambayo naweza kukaa na mama nikaitazama?

#38 Msusi wa Pasiansi
Ipo! Nimeitafuta jana usiku kwa sababu yenu. Swan Song, 2021. Yeye ndiye stelingi mwanzo mwisho. Ni msusi mzee, shoga, yuko kituo cha wazee, kazi yake kukunja karatasi za kufutia mdomo. Mteja wake wa zamani, mama tajiri waliyekosana, amekufa na ameacha wosia yeye ndiye amtengeneze nywele za jenezani. Kwanza anakataa. Halafu anatoroka, anatembea kwa miguu hadi mjini, kila duka analolikumbuka limefungwa. Mji wenyewe ni Sandusky, Ohio, uko kando ya ziwa kubwa kama sisi, na wanasema msusi huyo alikuwepo kweli.

Mama zangu wengine hamjui, lakini wasusi tunaitwa kwa marehemu. Mimi nimeitwa mara mbili. Kichwa cha marehemu kizito, hakikusaidii kugeuka, na unajikuta unauliza "nakuumiza?" kwa mazoea. Huyu mzee kwenye ile filamu anavyomshika yule mama nywele, yale macho yale yale ya Blade, hayakunitisha hata kidogo. Nililia na mafuta ya nazi mkononi. Gogo, itazame na mama. Ile sehemu ya klabu usiku mpelekee chai.

#39 Mchawi wa Kisesa
Kwa hiyo alikuja kupewa udereva wa daladala akiwa na miaka 76.

#40 Msusi wa Pasiansi
Ndiyo kaka.

#41 Mchawi wa Kisesa
Basi mimi bado nina muda. Mwenye namba ya vijana wa filamu anitumie pembeni.

#42 Mzee wa Kirumba
Mwenye hiyo Swan Song aniwekee kwenye flashi, nitapita saluni Pasiansi Jumamosi. Nitakuja na sato.

#43 Deki Bovu
Wakuu, nimeitazama Blade tena usiku huu kumalizia ubishi. Ni ufukweni. Nimekubali, Katibu samahani.

Lakini kwenye mkanda wetu wa Igogo ilikuwa juu ya ghorofa.

#44 Katibu Kata
Deki, mkanda wenu ulikuwa na chenga.

#45 Deki Bovu
Chenga ziliishia kwenye meno. Ghorofa niliiona vizuri.